Maisha ya Marehemu Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui

Marehemu Sheikh Al-Amin bin Ali bin Abdallah Mazrui alizaliwa katika mji wa Mombasa mwaka wa 1891, na akafariki katika mji huo huo mwaka wa 1947. Alikuwa mwanachuoni, mwalimu, mtungaji wa vitabu, kadhi wa mji wake, na mwishowe Kadhi Mkuu wa Kenya. Kwa sifa hizi peke yake angestahili kukumbukwa. Lakini wanavyuoni wenye sifa kama hizo hawakuwa wachache katika pwani ya Afrika ya Mashariki. Jambo lililomtenga na wenziwe, likampa marafiki wengi na maadui si haba, lilikuwa ni gazeti. Yeye ndiye aliyetangulia kuandika gazeti la Kiislamu kwa lugha ya Kiswahili, na ndani ya gazeti hilo akatoa rai zake waziwazi juu ya watu wake mwenyewe, akiwaambia mambo ambayo wengi waliyajua na wachache walithubutu kuyasema.

Habari zake zafaa kusomwa na Waislamu wa kila nchi ambayo Kiswahili kimefika. Leo Mwislamu hufungua kitabu cha dini kilichoandikwa kwa Kiswahili bila ya kuona ajabu yoyote. Zamani za Sheikh Al-Amin haikuwa hivyo, na waliofungua njia hiyo walilipa thamani yake.

UKOO WAKE NA MALEZI YAKE

Ukoo wa Mazrui asili yake ni Omani. Wazee wake walitawala Mombasa kwa muda wa karne moja hivi, mpaka Sayyid Said bin Sultan alipowaondoa katika utawala mwaka wa 1837. Baada ya hapo baadhi yao walishika njia ya elimu. Miongoni mwa hao alikuwa Sheikh Ali bin Abdallah bin Nafi, baba yake Sheikh Al-Amin, aliyezaliwa mwaka wa 1825. Wazee wa ukoo huu walikuwa Maibadhi, lakini nyumba hii ilikuwa imekwisha kuingia katika madhehebu ya Imam Shafi, na Sheikh Ali alikuwa hafichi msimamo wake. Alisomesha na kujadili mambo ya madhehebu hadharani, hata Sayyid Barghash bin Said, Sultani wa Unguja, akamtia gerezani. Alifunguliwa mwaka wa 1888, Barghash alipofariki na ndugu yake Sayyid Khalifa kukalia kiti cha ufalme.

Basi Sheikh Al-Amin alizaliwa katika nyumba ambayo mwenyewe alikwisha kufungwa kwa ajili ya maneno yake. Hakubahatika kusoma mengi kwa baba yake, kwani Sheikh Ali alifariki mwaka wa 1894 na mtoto angali mdogo. Malezi yake yakawa mikononi mwa jamaa yake, Sheikh Suleiman bin Ali Mazrui, naye ni mwanachuoni aliyeshika ukadhi. Huyo alimlea na kumsomesha kama mwanawe.

Alipokua alivuka kwenda Unguja kutafuta elimu zaidi. Wakati huo Unguja ilikuwa ndiyo shina la elimu ya dini katika pwani yote, na nguzo zake zilikuwa mbili: Sayyid Ahmad bin Sumeit, mzaliwa wa Ngazija na kadhi mashuhuri, na Sheikh Abdallah Bakathir, mzaliwa wa Lamu, ambaye madrasa yake ilijaa wanafunzi waliotoka kila upande wa pwani. Kijana wa Mombasa alisoma kwa wote wawili. Mabwana hao walikufa mwaka mmoja, 1925, na kwa kufa kwao zama moja ya elimu ikafungwa.

Lakini elimu ya Sheikh Al-Amin haikuishia katika vitabu vya kale. Kutoka Misri yalikuwa yakija majarida, na lililosomwa kuliko yote na wanavyuoni wenye fikra mpya lilikuwa Al-Manar, lililoanzishwa Cairo mwaka wa 1898 na Sheikh Rashid Rida, mwanafunzi wa Sheikh Muhammad Abduh. Jarida hilo lilisema kwamba Waislamu wameanguka kwa kuwa wameiacha asili ya dini yao, wakashika ada badala yake, wakapuuza elimu za dunia, na wakaridhika kufuata bila ya kupima. Sheikh Al-Amin aliyasoma hayo, kisha akautazama mji wake.

HALI YA MOMBASA WAKATI ULE

Haiwezekani kuyafahamu maandishi yake bila ya kuijua Mombasa aliyokulia. Mwaka wa 1895, yeye akiwa na umri wa miaka minne, Waingereza walitangaza himaya yao juu ya nchi hii. Mwaka huo huo Mbaruk bin Rashid wa Gazi, naye ni Mazrui, aliinua upanga kupigana nao. Vita vikaingia mwaka wa 1896, akashindwa, akakimbilia upande wa Wajerumani. Mwaka wa 1896 ndipo reli ilipoanza kujengwa kutoka Mombasa, na mwaka wa 1901 ikafika ziwani. Biashara ikahama kutoka bandari ya kale ya majahazi kwenda Kilindini, kwenye meli kubwa. Mwaka wa 1907 utumwa ukapigwa marufuku, na matajiri waliotegemea mashamba yaliyolimwa na watumwa wakabaki na ardhi bila ya mikono. Kisha zikaja sheria za kuandikisha ardhi. Na wengi waliouza mashamba yao walizila fedha hizo katika arusi na madeni.

Huku wamishenari, ambao walikwisha kukaa Rabai tangu mwaka wa 1846, walikuwa na shule zao, na vijana waliotoka humo waliujua uandishi wa afisini. Shule ya serikali kwa ajili ya watoto wa Kiarabu ilifunguliwa Mombasa mwaka wa 1912. Lakini wazee wengi waliogopa kwamba mtoto akiingia katika shule ya Wazungu atatoka bila ya dini. Kwa hivyo mtoto wa Kiislamu alikuwa amesimama baina ya chuo ambacho kilimfundisha kusoma Kurani asijue maana yake, na shule ambayo ilimpa Kiingereza na kuacha dini nyuma.

Jambo jingine lilikuwa ni mgawanyiko. Serikali iliwatenga watu wa mji kwa makabila, ikawapa haki mbali mbali. Mwaka wa 1923 Waarabu walipewa kiti cha kuchaguliwa katika Baraza la Kutunga Sheria, na wenyeji wa mji wa Thenashara Taifa wakanyimwa kura. Watu waliokuwa wakisali katika safu moja na kuoana wao kwa wao, sasa wakaanza kugombania nani ni Mwarabu na nani si Mwarabu.

KUANZA KWA SAHIFA

Katika hali hiyo, mwaka wa 1930, Sheikh Al-Amin alianza kutoa karatasi yake ndogo aliyoiita Sahifa, yaani ukurasa. Ilikuwa kweli ni jambo dogo kulitazama: karatasi chache zilizoandikwa Kiswahili cha Mvita kwa herufi za Kiarabu. Lakini ndani yake mlikuwa na jambo ambalo halijapata kuonekana. Mwanachuoni mkubwa, mwenye uwezo wa kuandika Kiarabu fasaha, alikuwa ameamua kusema na muuza duka, na fundi, na mwanamke aliye nyumbani, kwa lugha yao wenyewe.

Mpaka wakati huo elimu ya dini ilikuwa katika Kiarabu, na asiyekijua alimtegemea anayekijua. Kwa Kiswahili zilikuwapo tenzi na mashairi ya mawaidha. Lakini utenzi ni kitu cha kusikilizwa na kuhifadhiwa, na mtu haujibu kama ajibuvyo hoja. Makala ya gazeti ni kitu kingine. Huleta neno, na dalili ya neno, na humtaka msomaji apime. Karatasi moja mtu huweza kuisoma barazani na wengine kumi wakasikiliza, kisha wakabishana mpaka adhana. Sheikh Al-Amin aliitaka mabishano hiyo, kwa kuwa aliona kwamba ugonjwa mkubwa wa mji ulikuwa usingizi.

Kuchagua herufi za Kiarabu nako kulikuwa na maana. Waislamu wengi wa pwani walikwisha kujifunza herufi hizo chuoni, kwa hivyo aliyesoma Kurani aliweza kuisoma Sahifa. Miaka ile ile, mwaka wa 1930, serikali za Afrika ya Mashariki zilikuwa zimeunda kamati ya kusanifu Kiswahili kwa herufi za kizungu na kwa msingi wa Kiunguja. Sheikh hakupendezwa na mwenendo huo, akiona kwamba Kiswahili kinachukuliwa kutoka kwa wenyewe. Naye alishughulika kuzitengeneza herufi za Kiarabu zifae zaidi kwa sauti za Kiswahili, kwa kuwa katika maandishi ya kale herufi moja ilikuwa ikibeba sauti mbili au tatu, na msomaji akilazimika kubahatisha.

AL-ISLAH

Mwezi wa Februari mwaka wa 1932 alianza gazeti kubwa zaidi, akaliita Al-Islah, maana yake ni kutengeneza kilichoharibika. Hili lilikuwa na sehemu ya Kiswahili na sehemu ya Kiarabu, na pamoja na nasaha lilileta habari za Waislamu wa nchi nyingine. Msomaji wa Mombasa akajua kwamba yanayomsibu yeye yamewasibu na wengine, na kwamba wako waliokwisha kuamka.

Neno lililokuwa mbele katika maandishi yake lilikuwa elimu. Alisema na Waislamu juu ya shule zao, akaonyesha kwamba umma usiosoma hubaki kuwa mtumishi wa umma uliosoma. Alitaka elimu ya dini na elimu ya dunia zikae katika mtoto mmoja. Alilalamika kuwa dini na Kiarabu havikupewa mahali pake katika shule za serikali, na wakati huo huo akawalaumu wazee waliowazuia watoto wao wasisome kabisa. Akafika kwenye jambo lililowachoma wengi zaidi: alisema kwamba mtoto wa kike naye ana haki ya kusomeshwa, kwa kuwa mama mjinga hawezi kulea umma wenye akili. Katika mji ambao wengi waliona kumfundisha msichana kuandika ni kumfungulia mlango wa barua za siri, maneno haya hayakuwa mepesi.

Jambo la pili lilikuwa kuiga. Hakuwa mtu wa kuchukia kila kitu cha Wazungu. Aliwapa haki yao katika bidii, na katika umoja wao, na katika kuipenda nchi yao, na katika kutoa mali kwa ajili ya shule na mahospitali; akasema kwamba hayo ndiyo yafaayo kuigwa, na kwamba mengi katika hayo ni mambo ambayo Uislamu uliyaamrisha kabla yao. Lakini aliona vijana wakiiga kofia, na ulevi, na dansi, na kuona haya kwa lugha na mavazi ya wazee wao, huku kazi na elimu wakiziacha. Aliwasema vikali. Basi wazee walichukia kwa kuwa amesifu shule, na vijana wakachukia kwa kuwa amekashifu anasa. Na yeye akabaki katikati, apigwa na pande zote mbili.

Jambo la tatu lilikuwa israfu. Arusi za Mombasa zilikuwa za siku nyingi, na ngoma za wanawake zilishindana kwa mavazi na karamu. Mtu aliweka nyumba rehani ili jirani asimcheke. Msiba nao ulikuwa na gharama zake, mfiwa akakopa ili alishe watu wakati ambapo yeye ndiye wa kulishwa. Sheikh alionyesha kwamba mali ya Waislamu inatoka mikononi mwao kwa njia hizi, na kwamba anayewanyang'anya si mgeni peke yake.

La nne, nalo ndilo lililoleta ugomvi mkali kuliko yote, lilikuwa uzushi katika dini. Alipinga kuwaomba waliokufa, na kutegemea hirizi na mizimu, na kudhani kwamba nasaba tukufu yatosha kumwokoa mtu asiye na elimu wala amali. Maneno haya yaliwagusa watu waliokuwa na heshima kubwa, na yaligusa ada ambazo watu walizirithi kwa mama zao na kuzipenda.

WALIOMPINGA

Itakuwa si insafu kuyataja haya na kuacha hoja za upande wa pili, kwani walikuwamo miongoni mwao watu wa elimu na wa taqwa. Wako waliosema kwamba aibu za nyumba husemwa ndani ya nyumba, na kwamba kuziandika katika karatasi ni kumpa adui silaha. Wako walioona kwamba mambo ya khitilafu za wanavyuoni hayafai kutupwa mbele ya wasiosoma, wakaja wakawadharau wakubwa wao.

Na ziko ada ambazo zilifanya kazi ambayo gazeti halikuweza kuifanya. Lamu, Habib Saleh, aliyefariki mwaka wa 1935, alijenga msikiti wa Riyadha na akaufanya maulidi kuwa mlango wa kuwaingiza katika elimu watu maskini na watu waliotoka utumwani, ambao hapo kabla hawakupewa nafasi mbele ya wanavyuoni. Hao walikuja kwa dufu na kasida, wakabaki kwa darasa. Asiyejua kusoma hakuwa na faida na makala, lakini aliweza kuketi katika maulidi. Hizi zilikuwa njia mbili za kuwafikia watu, na kila moja iliwafikia ambao nyenzie haikuwafikia.

Sheikh Al-Amin mwenyewe naye alikuwa na mipaka yake. Alikuwa Mwarabu wa ukoo uliotawala, na mara nyingine katika makala zake husikika akisema na Waarabu hasa, akiwakumbusha utukufu uliopotea. Mtu wa Thenashara Taifa, au Mwislamu wa bara aliyesilimu jana, hakuwa daima mbele ya macho yake wakati kalamu inapokwenda. Lakini juu ya jambo la mgawanyiko alisema wazi kwamba Waislamu wanajiangamiza kwa kugombana, na lawama zake nyingi alizielekeza kwa jamaa zake kabla ya kuwafikia wengine. Mtu akiwalaumu wageni hupigiwa makofi. Akiwalaumu jamaa zake hukaa peke yake.

UKADHI

Mwaka ule ule wa 1932, Al-Islah likiwa changa, Sheikh Al-Amin aliwekwa kuwa Kadhi wa Mombasa. Gazeti halikuishi sana baada ya hapo. Kufika mwaka wa 1933 lilikuwa limekwisha kusimama. Mwaka wa 1937 akafanywa Kadhi Mkuu wa Kenya, akakaa katika kazi hiyo mpaka kufa kwake, miaka 10.

Hapa ndipo mahali pagumu katika maisha yake. Kadhi katika zama hizo alikuwa mtumishi wa serikali ya Kiingereza, na mahakama yake ilibakishiwa mambo ya ndoa, na talaka, na mirathi, na mfano wa hayo. Mtu aliyekuwa akiwaambia watu waamke, sasa alikuwa akipokea mshahara wa wale waliowatawala. Atakaye kumlaumu atasema kwamba kiti kiliinyamazisha kalamu. Na ni kweli kwamba mji ulipata kadhi ukapoteza gazeti, na kwa miaka mingi baada yake haukupata jingine mfano wake.

Lakini atakaye kumpima kwa haki atautazama ukadhi wenyewe. Mambo aliyoyalalamikia katika gazeti, ya mwanamke aliyetupwa bila ya talaka wala masurufu, na ya mayatima walioliwa mali zao, na ya warithi waliouza shamba kabla ya kaburi kukauka, yote hayo yalimjia mahakamani kila siku, na sasa alikuwa na uwezo wa kuyahukumu. Kama angalikataa, kiti kile kingalikaliwa na mwingine, pengine mwenye elimu ndogo. Baba yake alisema na mtawala akafungwa. Yeye alichagua kuingia ndani. Kila moja kati ya njia hizi ina thamani yake na hasara yake, na wanavyuoni tangu zamani wamekhitilafiana juu yake.

VITABU VYAKE

Na kalamu yake haikunyamaza. Ilibadilisha kazi tu. Aliacha ukali wa gazeti akashika upole wa mwalimu. Alitunga vitabu vidogo vya kuwafundisha watu dini yao, kikiwamo Dini ya Islamu kwa Kiswahili, na Hidayatul Atfal kwa ajili ya watoto. Aliandika kwa Kiarabu tarikhi ya ukoo wa Mazrui na utawala wao wa Mombasa, kazi ambayo ilikuja kuchapishwa pamoja na tafsiri ya Kiingereza mwaka wa 1995, na watu wa tarikhi huitegemea mpaka leo.

Makala za gazeti nazo hazikupotea. Mwaka wa 1944 zilikusanywa baadhi yake zikatolewa kitabu kwa jina la Uwongozi, na mwaka wa 1955, miaka minane baada ya kufa kwake, kikachapishwa tena. Kitabu hicho kilisomwa kwa herufi za kizungu, kikawafikia watu ambao Sahifa haikuwafikia. Hivi kwamba mwenye gazeti aliyekuwa akishikilia herufi za Kiarabu alisomwa na wengi zaidi katika herufi zile nyingine. Mwaka wa 2017 makala hizo zilitolewa tena Leiden, Uholanzi, pamoja na tafsiri ya Kiingereza.

Kazi aliyoitamani zaidi ilikuwa kuifasiri Kurani kwa Kiswahili. Tafsiri iliyokuwapo wakati huo ilikuwa ya mmishenari Godfrey Dale, iliyotoka mwaka wa 1923, na Sheikh aliona ni aibu kwa Waislamu wa Kiswahili kuisoma Kurani kwa kalamu ya asiyeiamini. Alianza kazi hiyo, lakini umri haukumtosha. Sehemu alizozifasiri zilikuja kuchapishwa miaka mingi baada yake, kwa kusimamiwa na mwanafunzi wake.

KUFA KWAKE NA WALIOMFUATA

Sheikh Al-Amin alifariki Mombasa mwaka wa 1947, akiwa na umri wa miaka 56. Hakuacha mali ya kutajwa. Aliacha wanafunzi.

Mmoja wao alikuwa Sheikh Muhammad Kasim Mazrui, ambaye alikuwa Kadhi Mkuu wa Kenya tangu mwaka wa 1963 mpaka 1968, akatunga vitabu vingi vya Kiswahili, na katika miaka ya 1970 akatoa gazeti la Sauti ya Haki, ambalo lilizifufua hoja za Al-Islah na pia ugomvi wake. Mwingine aliyefuata njia yake ni Sheikh Abdallah Saleh Farsy wa Unguja, aliyeshika ukadhi mkuu wa Kenya baada ya Sheikh Muhammad Kasim, tangu mwaka wa 1968. Huyo ndiye aliyeitimiza kazi ambayo Sheikh Al-Amin aliianza na asiimalize: tafsiri yake ya Kurani nzima kwa Kiswahili, Qurani Takatifu, ilitoka mwaka wa 1969, ikaenea mbali sana na pwani, katika nyumba na misikiti ya bara ambayo Sheikh Al-Amin hakupata kuiona.

Na katika watoto wake alikuwako Ali, aliyezaliwa mwaka wa 1933 na kufiwa na baba yake akiwa na umri wa miaka 14. Kijana huyo hakuwa kadhi. Alisoma Uingereza na Marekani, akasomesha katika Chuo cha Makerere, Kampala, tangu mwaka wa 1963 mpaka 1973, kisha akaondoka Uganda katika siku za Idi Amin na kuhamia Marekani. Profesa Ali Mazrui, aliyefariki mwaka wa 2014, alijulikana ulimwengu mzima kwa kusema aliyoyaona kuwa kweli, akawaudhi Wazungu na Waafrika, wa mrengo huu na wa mrengo ule. Aliyeisoma Sahifa hakustaajabu.

Mengi aliyoyapigania Sheikh Al-Amin leo hayana mbishi. Hakuna katika Waislamu wa nchi hizi, ila wachache, anayesema msichana asisomeshwe. Na hakuna anayeona ajabu dini kufundishwa kwa Kiswahili. Mengine bado yanabishaniwa, na pengine yataendelea kubishaniwa, kwani ada ya maulidi na mfano wake ina watu wake wenye elimu na mapenzi ya kweli. Na mengine, kama vile israfu katika arusi na madeni ya kujionyesha, hayajaondoka, ingawa kila mtu ayakubali kuwa ni mabaya.

Kumheshimu mtu kama huyu hakumlazimu msomaji akubaliane naye katika kila jambo. Yeye mwenyewe aliandika kwa kutaka watu wapime. Hiyo ndiyo amana aliyoiacha: kwamba Mwislamu anayewapenda watu wake huwaambia kweli kwa lugha wanayoifahamu, na hutia jina lake chini ya maneno yake, na hukaa katika mji ule ule akutane nao msikitini kesho yake.

Mwenyezi Mungu amrehemu, amsamehe makosa yake, na aijaalie elimu yake iwe nuru kwake na kwa waliomfuata. Amin.